UZI: Walter Murray Gibson, mgeni aliyekuwa waziri mkuu wa Hawaii 1882–1887. Alipandaje, na hesabu zilimwangushaje?

#1 Mtafiti wa Visiwa

Wakuu, salamu.

Jina la Gibson likitajwa, wengi humaliza habari kwa neno moja: tapeli. Utapeli ulikuwepo, siupingi. Ila tapeli hakai kwenye uwaziri mkuu miaka 5 kwa ulimi mtupu, huku wafanyabiashara wote wakubwa wa Honolulu wakimtaka aondoke. Kuna mitambo ilikuwa inafanya kazi nyuma yake: sheria, lugha, gazeti, ardhi na mkopo. Nataka tuifungue mmoja mmoja. Mwenye kujua aongeze, mwenye kubisha abishe kwa tarehe na takwimu.

Nianze na alikotoka, kwa kifupi. Alizaliwa 1822 kwenye familia ya Kiingereza, akakulia Amerika. Mke wake alifariki mapema akamwachia watoto 3. Mwaka 1851 akanunua merikebu iliyoitwa Flirt, akafika Sumatra mwanzoni mwa 1852. Huko Wadachi walimkamata kwa tuhuma za kumchochea Sultani wa Jambi awaasi, wakamfunga gereza la Weltevreden, Batavia (Jakarta ya leo). Alitoroka 1853. Akaidai serikali ya Uholanzi fidia ya dola 100,000, akazungusha hayo madai Washington na Ulaya kwa miaka, hakupata hata senti.

1860 akabatizwa Mmormoni kule Utah. 1861 akatia nanga Hawaii. Wamisionari wa Kimarekani wa kanisa hilo walikuwa wameitwa nyumbani 1858, waumini wa Kihawaii wamebaki bila wachungaji. Gibson akawakusanya kisiwa cha Lanai, bonde la Palawai. Waumini wakatoa mifugo, kazi na pesa. Kwa michango hiyo ikanunuliwa ardhi ya Palawai kutoka kwa chifu Haalelea, karibu ekari 5,900 kwa dola 3,000.

Hapa ndipo penye fundo. Hati iliandikwa jina la Gibson, si la kanisa. Mwaka 1864 viongozi walitumwa kutoka Utah kuchunguza. Wakakuta amekuwa akiuza vyeo vya kanisa. Wakamtaka akabidhi ardhi, akakataa, wakamfukuza. Kanisa likaondoka na waumini wengi, likanunua ardhi Laie, kisiwa cha Oahu, 1865. Gibson akabaki na Palawai, akakodi maeneo mengine, hadi sehemu kubwa ya kisiwa ikawa mikononi mwake. Akafuga kondoo na mbuzi.

Kwa hiyo kwenye siasa aliingia akiwa mfugaji mwenye ardhi kubwa na sifa mbaya. Tuendelee.

#2 Nanga Kavu

Mkuu uzi umeshiba. Swali la mtu asiyejua: ilikuwaje nchi yenye mfalme wake imkabidhi mgeni serikali? Hakukuwa na sheria ya kuzuia?

#3 Wakili wa Mtaa

@Nanga Kavu, sheria ilikuwa inaruhusu kabisa, tena kabla ya Gibson. Mskoti Robert Wyllie alikuwa waziri wa mambo ya nje tangu 1845 hadi alipofariki 1865. Daktari wa Kimarekani Gerrit Judd naye alishika hazina. Wafalme wa Hawaii waliona kwamba balozi wa Uingereza au Ufaransa akija na barua ya vitisho, ni bora ajibiwe na mtu anayejua kuzisoma.

Utaratibu ulikuwa hivi. Mgeni anakula kiapo cha utii kwa mfalme, anakuwa raia. Chini ya katiba ya 1864, mfalme aliwateua na kuwaondoa mawaziri mwenyewe. Bunge lilikuwa moja: wajumbe wa kuteuliwa na mfalme, ambao waliitwa watukufu, wakikaa ukumbi mmoja na wajumbe wa kuchaguliwa. Mawaziri nao walikuwa na kiti na kura humo humo. Maana yake, mfalme akikupenda, tayari una watukufu wake. Ukiongeza wajumbe wachache wa kuchaguliwa, una serikali.

Sharti la mali kwa wapigakura lilikuwa limefutwa 1874. Hapo ndipo Gibson aliona mlango, kwa sababu kura nyingi zilikuwa za Wahawaii wenyewe, na matajiri weupe waliokuwa wakimcheka walikuwa kundi dogo kwenye daftari la wapigakura.

Ukitaka kuona jinsi kiapo kilivyokuwa chepesi, angalia Mtaliano Celso Caesar Moreno. Agosti 1880 mfalme Kalakaua alimfanya waziri wa mambo ya nje. Mji ukachemka, mabalozi wakagoma kushughulika naye, akajiuzulu baada ya siku 5. Moreno alikuwa na mfalme peke yake. Gibson alikuwa na mfalme na wapigakura.

#4 Bi Chausiku

Nakubaliana na @Wakili wa Mtaa, na hapo kwenye wapigakura naomba nikae kidogo maana ndipo watu hupita mbio.

Gibson alijifunza Kihawaii hadi kuhutubia nacho. Wafanyabiashara wengi walikaa Honolulu miaka 20 wakijua cha sokoni tu. Mwaka 1873 akaanzisha gazeti la Nuhou, linaandika Kiingereza na Kihawaii. Wakati huo wenye mashamba ya miwa walitaka mkataba wa kuingiza sukari Marekani bila ushuru, na lililopendekezwa kutolewa badala yake ni bandari ya Pearl. Nuhou likapiga kelele: msitoe ardhi ya nchi kwa ajili ya bei ya sukari. Wahawaii walikuwa tayari wamekasirika, gazeti likawapa maneno ya kusemea. Mfalme Lunalilo akaliondoa pendekezo. Mkataba ulipokuja kusainiwa 1875 na kuanza kazi Septemba 1876, bandari haikutolewa.

Jambo la pili ni afya. Sensa ya 1878 ilihesabu watu 57,985 visiwa vyote, na Wahawaii asilia walikuwa 44,088 tu, wakipungua kila sensa kwa magonjwa yaliyoletwa na meli. Gibson akaandika mwongozo wa afya wa Kihawaii na Kiingereza uliotoka 1880: maji safi, hewa ndani ya nyumba, uuguzi, chakula cha mtoto. Hebu pima mwenyewe: mgombea gani mwingine mweupe alikuwa anaongea na mama wa kijijini juu ya kuharisha kwa mtoto wake, kwa lugha ya huyo mama?

Jambo la tatu ni sanamu ya Kamehameha. Alichaguliwa mbunge wa Lahaina 1878, na bunge hilo hilo akalishawishi litenge dola 10,000 kwa ajili ya sanamu ya mfalme aliyeunganisha visiwa, kuadhimisha miaka 100 tangu nahodha Mwingereza James Cook afike. Aliyechonga ni Mmarekani Thomas Gould, shaba ikamiminwa Paris. Meli iliyoibeba ikazama karibu na visiwa vya Falkland 1880. Ilikuwa imekatiwa bima, kwa hiyo pesa ya bima ikatengeneza ya pili. Kisha ile ya kwanza ikaopolewa baharini ikauzwa kwa Hawaii! Ya pili ilizinduliwa Honolulu 14 Februari 1883, na ile iliyozama ikapelekwa Kohala, wilaya alikozaliwa Kamehameha. Ipo mpaka leo.

Watu wa Honolulu waliita huu ubadhirifu. Kwa mpigakura wa Lahaina, huyu ndiye mgeni pekee aliyedai pesa ya serikali itumike kumheshimu mzee wao.

#5 Karani wa Hazina

Hayo ya sanamu na hotuba ni mazuri, ila serikali inaendeshwa na pesa, na pesa ya Hawaii miaka ile ilikuwa na mwenyewe: Claus Spreckels, mfalme wa sukari wa California. Bila kumweka Spreckels kwenye picha, huwezi kumwelewa Gibson.

Spreckels alifika 1876 pamoja na habari za mkataba, akanunua takribani nusu ya mavuno ya sukari ya mwaka uliofuata kabla bei haijapanda. 1878 akataka maji ya mlima Haleakala kisiwani Maui apeleke kwenye tambarare kavu. Mawaziri wakasita. Usiku wa manane mfalme akawafukuza kazi, akateua wengine, Spreckels akapata haki ya maji miaka 30 kwa dola 500 kwa mwaka. Mfalme naye akapata mkopo. Huu ulikuwa utaratibu kabla Gibson hajawa waziri, kwa hiyo tusimtwike yeye.

Lakini haya mawili yako kwenye daftari lake.

La kwanza, Wailuku. Spreckels alimlipa binti mfalme Ruth dola 10,000 anunue madai yake juu ya ardhi ya taji. Madai yenyewe kisheria yalikuwa dhaifu mno. Mwaka 1882, Gibson akiwa amekuwa waziri mkuu Mei, bunge likampa Spreckels ekari 24,000 za Wailuku moja kwa moja ili aachane na madai hayo. Ekari moja imemgharimu kama senti 42, na juu yake kulikuwa na mashamba aliyokuwa anayakodi.

La pili, sarafu. Hili lina utamu wake, tulihesabu.

Serikali ilitaka sarafu yenye sura ya Kalakaua. Spreckels akawa wakala. Vyuma vya kugongea vilitengenezwa Philadelphia na Charles Barber, sarafu zikagongwa San Francisco. Zilitoka:

vipande 500,000 vya dola 1 = 500,000
vipande 700,000 vya nusu dola = 350,000
vipande 500,000 vya robo dola = 125,000
vipande 250,000 vya senti 10 = 25,000

Jumla dola 1,000,000 kamili kwa thamani iliyoandikwa usoni. Madini ya fedha yaliyomo yaligharimu kama dola 850,000. Ile tofauti ya 150,000, ambayo kwa kawaida ni faida ya serikali inayotoa sarafu, ilikwenda kwa Spreckels. Serikali ikampa hatifungani za dola milioni 1 zenye riba ya asilimia 6. Yaani amekupa kitu cha 850,000, unamlipa riba ya 1,000,000, kila mwaka 60,000.

#6 Nanga Kavu

Sasa mkuu, kama watu wanazipokea sarafu dukani kwa dola moja, tatizo liko wapi? Si ni pesa?

#7 Karani wa Hazina

@Nanga Kavu, ndani ya Hawaii hakuna tatizo. Tatizo ni gati la Honolulu. Muuza duka ananunua nguo, unga na mbao San Francisco, na huko wanataka dhahabu. Sarafu ya Kalakaua ina fedha ya senti 85 hivi, nje hakuna anayeipokea kwa dola. Basi kila mtu anafanya kitu kimoja: dhahabu anaificha au anaituma nje, fedha anaitumia kulipia kodi na mishahara. Baada ya miezi kadhaa hazina ya serikali imejaa fedha tupu, dhahabu imeondoka nchini, na dhahabu inaanza kuuzwa kwa nyongeza.

Wafanyabiashara wakaenda mahakamani kupinga hatifungani, kwa hoja kwamba sheria ya mikopo ya 1882 ilitaka ziuzwe kwa dhahabu au thamani sawa nayo. Hatimaye ikaja sheria ya 1884, ikaanza kazi Desemba mwaka huo: dhahabu ya Marekani ndiyo malipo halali, fedha isizidi dola 10 kwenye malipo mamoja. Ikatuliza mambo.

Kisiasa hasara ilikuwa imeshaingia. Mawakili vijana waliokwenda kupinga sarafu, kina Sanford Dole, ndio unaokuja kuwaona 1887.

Kwa wakusanyaji: nyingi ziliyeyushwa baada ya kubadilishwa kwa dola za Marekani kufikia mwanzo wa 1904. Senti 10 na dola nzima safi ni adimu, na ziko nyingi zilizochorwa na masonara kuwa vifungo na bangili. Ukiuziwa, angalia upande wa nyuma kama haujalainishwa.

#8 Mpekuzi

Naona mnampamba. @Mtafiti wa Visiwa umesema tusimwite tapeli, halafu @Karani wa Hazina ameonesha alivyogawa ardhi na hatifungani. Ardhi ya waumini alichukua, ya taji akagawa. Kaulimbiu yake "Hawaii ya Wahawaii" ilikuwa geresha. Alikuwa kibaraka wa Spreckels, basi.

#9 Mtafiti wa Visiwa

@Mpekuzi, kibaraka wa Spreckels alikuwa hadi 1886, hapo sibishi. Ila angalia alichofanya mahali ambapo Spreckels hakuwa na faida.

Wakati ule ukoma ulikuwa unasambaa, wagonjwa wakipelekwa Kalaupapa kisiwani Molokai. Gibson akiwa pia rais wa bodi ya afya, mwaka 1883 ukatumwa wito kwa mashirika ya watawa Marekani. Mengi yalikataa. Mama Marianne Cope wa Wafransisko wa Syracuse akakubali, akafika Novemba 1883 na watawa 6, wakapewa hospitali ya Kakaako, Honolulu. Hospitali ilikuwa chafu, wagonjwa wamesongamana, msimamizi wake mkali kupita kiasi; watawa walipolalamika, msimamizi akaondolewa. Kufikia Novemba 1885 ikafunguliwa nyumba ya Kapiolani kwa ajili ya mabinti wasio na ugonjwa ambao wazazi wao walikuwa na ukoma. Watawa hao waliendelea kumheshimu Gibson hata mji mzima ulipomgeuka.

Pia kuna kazi ya vibarua. Februari 1885 iliingia meli City of Tokio na Wajapani zaidi ya 940, matunda ya mazungumzo ya serikali ya Kalakaua na Tokyo. Mwanamume alilipwa dola 9 kwa mwezi na dola 6 za chakula. Wenye mashamba walichokuwa wanakililia kila siku ni vibarua. Wakaletewa. Sukari iliyosafirishwa ilitoka pauni milioni 26 mwaka 1876 hadi zaidi ya milioni 200 mwaka 1886. Walitajirika chini ya serikali hiyo hiyo waliyoita mbovu.

Mimi naona kosa lake kubwa lilikuwa kuendesha serikali ya mpigakura wa Kihawaii kwa mkopo wa mtu mmoja. Kodi ya ziada ingewaangukia wenye mashamba, na wao ndio walikuwa na mawakili na magazeti. Akakwepa kuwatoza. Deni la taifa likatoka kama dola 300,000 mwaka 1882, likapita milioni 1 mwaka 1886, na kufikia 1888 lilikuwa karibu milioni 1.9.

#10 Mpekuzi

Na uchaguzi wa 1886 mkuu, mbona hujautaja? Gini isiyolipiwa ushuru iligawiwa kwa wapigakura kwa madumu. Usije ukaniambia hiyo nayo ni afya ya jamii 😂

#11 Mtafiti wa Visiwa

Hapo umenishika, mkuu. Mwandishi wa mwongozo wa afya akashinda kwa gini. Tena bunge la 1882 ndilo lililofuta marufuku ya kuwauzia Wahawaii pombe.

#12 Nahodha wa Jahazi

Nimesubiri mtu ataje Kaimiloa, naona mnazunguka tu. Ngoja nilete.

Ndoto ya Gibson ya tangu Sumatra ilikuwa ufalme mkubwa wa visiwa. Akamuuzia Kalakaua wazo: Hawaii iwe kiongozi wa mataifa ya Polinesia kabla Wazungu hawajayamaliza. Mwishoni mwa 1886 akamtuma John Bush, Mhawaii chotara, kuwa balozi Samoa. Februari 1887 mfalme Malietoa Laupepa akasaini muungano na Hawaii.

Kwenye karatasi ni jambo la maana. Sasa angalia chombo. Walinunua meli ya mvuke Explorer kwa dola 20,000, tani 171, iliyokuwa ya biashara ya kopra (mbata), wakaibadili jina kuwa Kaimiloa. Ukarabati ukala pesa nyingine nyingi: mizinga michache, ngazi, vyumba. Nahodha alikuwa George Jackson, Mwingereza aliyewahi kuwa jeshi la majini la kwao, na alipochaguliwa alikuwa msimamizi wa shule ya vijana watukutu Honolulu. Sehemu ya mabaharia ni vijana wa shule hiyo hiyo, waliojua zaidi kupiga tarumbeta kuliko kushika usukani.

Iliondoka Mei 1887. Kilichoharibika, kwa mpangilio wake:

Nidhamu. Kabla hata ya kung'oa nanga kulikuwa na vurugu kati ya mabaharia wa kawaida na wapiga mizinga. Nahodha mwenyewe alikuwa mlevi.

Kukosa kazi bandarini. Wamefika Apia, hakuna vita, hakuna mazoezi ya maana. Vitu vya meli vikaanza kuuzwa nchi kavu kwa gini.

Wajerumani. Kampuni yao kubwa ya mashamba ilikuwa inaishikilia Samoa, na manowari yao ikawa inaifuata Kaimiloa kila inakokwenda. Manowari hiyo ni ya vita kweli, si kopra iliyopakwa rangi. Berlin ikaonesha wazi kuwa Hawaii ikiendelea kujiingiza itakiona.

Bush akaitwa nyumbani, meli nayo ikafuata, na iliporudi Honolulu aliyeituma hakuwa tena waziri. Malietoa aliondolewa na Wajerumani Agosti 1887, akapelekwa uhamishoni.

Kwa baharia yeyote jibu linaonekana gatini: meli moja ya tani 171 haiwezi kusimamia mkataba ulio umbali wa maili 2,000 na zaidi. Makaa ya mawe peke yake yangeimaliza.

#13 Bi Chausiku

@Nahodha wa Jahazi umenikumbusha jambo la kwetu. Samoa ilipogawanywa, upande wa magharibi ukawa wa Wajerumani 1900, na gavana wa kwanza Wilhelm Solf alikuwa amewahi kuwa hakimu Dar es Salaam. Chini yake huko Samoa alikuwepo Heinrich Schnee, ambaye ndiye gavana wa mwisho wa Wajerumani huku kwetu kuanzia 1912. Maofisa walikuwa wale wale, wanahamishwa bahari hadi bahari.

#14 Wakili wa Mtaa

Nimalizie kuanguka kwake, maana kuna kipengele cha sheria ambacho ndicho kiini.

Oktoba 1886 mfalme aligombana na Spreckels kuhusu mkopo mpya. Serikali ikaenda London kukopa, Spreckels akarudisha nishani zake. Hapo Gibson akapoteza ukuta wa kuegemea. Wafanyabiashara waliokuwa wakimwogopa Spreckels hawakuwa na sababu ya kungoja tena.

Mei 1887 gazeti likachapa viapo kuhusu leseni ya kuuza kasumba, yaani afyuni. Bunge la 1886 lilikuwa limeruhusu leseni moja kwa dola 30,000 kwa mwaka. Mfanyabiashara wa Kichina aitwaye Aki alidai amempa mfalme dola 71,000 ili aipate, na leseni akapewa mwingine. Pesa haikurudi.

Kulikuwa na chama cha siri kilichoundwa mwanzoni mwa 1887, cha watu weupe kama 400, Lorrin Thurston na Dole wakiwemo. Mkono wao wa silaha ulikuwa Honolulu Rifles, askari wa kujitolea ambao, ajabu ya Mungu, walikuwa kikosi kinachotambuliwa na serikali yenyewe! Tarehe 30 Juni wakafanya mkutano wa hadhara. Kesho yake wakamkamata Gibson na mkwewe Hayselden wakawaburuta hadi gatini, kamba zikiwa tayari. Balozi wa Uingereza akaingilia, wakanusurika kunyongwa. Kesi ya wizi wa mali ya umma ikafunguliwa, ikafutwa kwa kukosa ushahidi. Tarehe 12 Julai akapandishwa meli kwenda San Francisco.

Kipengele chenyewe sasa. Tarehe 6 Julai mfalme akasainishwa katiba iliyoitwa Katiba ya Singe. Watu hukumbuka kwamba ilimvua mfalme uwezo wa kuwafukuza mawaziri. Mimi naona shoka lilikuwa kwenye daftari la wapigakura.

Watukufu wakawa wa kuchaguliwa, lakini wa kuwachagua lazima awe na mali ya dola 3,000 isiyo na deni, au kipato cha dola 600 kwa mwaka. Chukua ule ujira wa kibarua wa @Mtafiti wa Visiwa: 9 na 6 ni 15, mara 12 ni 180. Hata Mhawaii aliyelipwa mara mbili ya hapo bado hajafika. Na Waasia wakaondolewa kabisa, hata walioapa uraia. Upande wa pili, Mzungu au Mmarekani akawa anaruhusiwa kupiga kura bila kuukana uraia wa kwao, mradi amekaa muda uliotakiwa na kuapa kuitii katiba.

Unaona ngazi ilivyoondolewa? Gibson alipanda kwa kiapo cha uraia na kura ya Mhawaii maskini. Vyote viwili vikafungwa ndani ya wiki moja.

#15 Nanga Kavu

Asante wakili, hapo nimeelewa kwa nini walihangaika na katiba badala ya kumfukuza yeye tu. Alirudi?

#16 Wakili wa Mtaa

Hakurudi akiwa hai. Kifua kikuu kilikuwa kimemkaa, alifariki San Francisco 21 Januari 1888. Kabla ya hapo, Oktoba 1887, baraza la wazee wa mahakama Honolulu lilikuwa limeamua amlipe mwanamke mmoja dola 10,000 kwa kuvunja ahadi ya ndoa. Na Novemba 1887 mkataba wa sukari ukahuishwa, safari hii bandari ya Pearl ikiwemo. Kile alichokipigia kelele 1873.

#17 Mpekuzi

Na Lanai je? Ile ardhi ya waumini. Au kanisa lilirudishiwa?

#18 Mtafiti wa Visiwa

Haikurudi. Kisheria hati ilikuwa yake, na kanisa lilishaondoka. Tena ardhi yenyewe ilikuwa na shida: Lanai iko kwenye kivuli cha milima ya Maui na Molokai, mvua ni haba, na kondoo na mbuzi walikula majani hadi udongo ukawa unapeperushwa na upepo.

Alimwachia binti yake Talula, mke wa Hayselden. Mkwe akaingia ubia wa Maunalei, kampuni ya miwa ya 1899, upande wa kisiwa unaotazama Maui. Wakachimba visima, wakajenga reli ndogo. Maji yakageuka ya chumvi kadiri walivyovuta, kwa sababu visima vilikuwa karibu na bahari na maji matamu yanayoelea juu ya ya chumvi yalikuwa kidogo. Kufikia 1901 imekufa. Ardhi ikanunuliwa na Charles Gay, ikapita kwa familia ya Baldwin, na 1922 James Dole akainunua kwa dola milioni 1.1 alime mananasi. Huyu Dole ni wa ukoo mmoja na Sanford Dole. Palawai ikawa shamba la mananasi hadi miaka ya mwanzo ya 1990.

Tangu 2012 asilimia 98 hivi ya kisiwa ni mali ya Larry Ellison, tajiri wa kampuni ya programu za kompyuta ya Oracle. Mwenye data za bei za kila hatua kuanzia zile dola 3,000 aziweke hapa, nitengeneze jedwali.